Maji ya Moto na Mguu Wenye Ganzi: Kumwandaa Mgonjwa kwa Ziara ya Chemchemi za Songwe

Mama mwenye umri wa miaka 58, mkazi wa Wampembe katika mwambao wa Ziwa Tanganyika, wilayani Nkasi, ameishi na kisukari kwa miaka 12. Anatumia metformini na insulini, na pia anameza dawa ya shinikizo la damu. Amefika kituo cha afya kuchukua dawa za mwezi mzima, kwa kuwa anasafiri kwenda Mbeya kumtembelea mwanawe. Anapokaribia kuinuka kitini ndipo anapouliza jambo lililomleta hasa. Wajukuu wake wamepanga ziara ya siku moja, pamoja na mwongoza watalii, kutoka jijini Mbeya hadi chemchemi za maji ya moto za Songwe. Ameambiwa kwamba maji yale huondoa ganzi, na miguu yake ina ganzi. Je, ailoweke kwa muda gani?

Kisa hiki kimetungwa kwa ajili ya kufundishia, lakini swali lililomo ni la kweli, na mhudumu wa afya hana budi kuwa na jibu lake. Akimkataza kwa neno moja, mgonjwa ataenda kimyakimya. Akimwambia kwamba maji hayadhuru, huenda mgonjwa akarudi na jeraha litakalomgharimu mguu. Somo hili linaonyesha njia iliyo kati ya majibu hayo mawili.

Malengo ya somo

Baada ya kusoma makala haya, msomaji ataweza kueleza athari za maji ya moto katika mwili. Kupima hisi za miguu bila kifaa chochote. Kumpangia mgonjwa wa kisukari siku ya safari. Na kutoa huduma ya kwanza kwa aliyeungua.

Asili ya joto la maji

Mkazi wa Ufipa anaishi juu ya ardhi inayotembea. Uwanda wa juu wa Ufipa umeinuka kati ya sehemu mbili za Bonde la Ufa: Ziwa Tanganyika upande wa magharibi na bonde la Ziwa Rukwa upande wa mashariki. Nguvu iliyoutenga uwanda huo haijalala. Tarehe 13 Desemba 1910 eneo la Rukwa lilipigwa na tetemeko la ukubwa wa takriban 7.4, mojawapo ya makubwa kabisa yaliyowahi kurekodiwa Afrika Mashariki. Hata chini ya Ziwa Tanganyika lenyewe, upande wa Kongo, kwenye rasi ya Banza na eneo la Pemba, watafiti wamekuta maji ya moto yakibubujika kutoka sakafuni mwa ziwa.

Kanuni ya chemchemi hizi ni moja. Maji ya mvua hupenya katika nyufa za miamba, hushuka hadi kwenye kina chenye joto kali, kisha hupanda tena kwa kufuata nyufa nyingine. Chemchemi za Songwe zimo katika bonde la mto Songwe, kaskazini-magharibi mwa Jiji la Mbeya, mahali ambapo Bonde la Rukwa linakaribia milima ya volkano. Maji yake yamebeba madini ya chokaa, ambayo huganda na kujenga matuta ya mawe. Katika baadhi ya macho ya chemchemi hizo joto hupita nyuzi 80 za Selsiasi, kiasi cha kuweza kuivisha yai. Hatua chache tu kutoka hapo, kidimbwi kingine huweza kuwa vuguvugu la kuogea. Macho ya mtu hayatofautishi kidimbwi kimoja na kingine. Ngozi ndiyo hutofautisha, mradi iwe inahisi.

Athari za maji ya moto katika mwili

Maji ya uvuguvugu hulegeza misuli, na tafiti kuhusu maumivu ya viungo zimeonyesha kwamba huleta nafuu ya muda. Kwa hiyo anayesema kwamba alitoka majini akiwa mwepesi hadanganyi. Hata hivyo, nafuu hiyo haiponyi kisukari, haishushi sukari kwa namna ya kutegemewa, wala haihuishi mishipa ya fahamu iliyokwisha kudhurika.

Joto linapozidi, mambo matatu hutokea.

Kwanza, ngozi huungua, na muda unaotosha kuunguza ni mfupi kuliko wengi wanavyodhani. Maji ya nyuzi 60 huweza kumsababishia mtu mzima jeraha la kina ndani ya sekunde 5 hivi. Maji ya nyuzi 49, ambayo wengi huyaona ya moto tu, huweza kuunguza ndani ya dakika chache. Mtu mwenye hisi timamu huutoa mguu kabla ya hapo kwa sababu maumivu humshtua. Mwenye ganzi hubaki ameketi akizungumza na wenzake.

Pili, mishipa ya damu hutanuka na shinikizo hushuka. Anayesimama ghafla kutoka majini huweza kupata kizunguzungu au kuanguka, na mawe yenye utelezi huongeza hatari. Dawa za kushusha shinikizo, dawa za kuongeza mkojo na pombe huzidisha hali hiyo.

Tatu, insulini iliyodungwa katika sehemu inayopashwa joto hufyonzwa haraka kuliko kawaida. Mgonjwa aliyedunga pajani, akakawia kula, kisha akaingia katika maji ya moto, yumo katika hatari ya kushukiwa na sukari.

Kupima hisi za mguu kwa kidole

Kituo kisicho na kifaa cha kupimia hisi hakikosi kidole. Kipimo cha mguso kilichobuniwa katika hospitali ya Ipswich, Uingereza, na kuchapishwa mwaka 2011, hufanyika hivi: mgonjwa hufumba macho. Mhudumu hugusa kwa wepesi, kwa ncha ya kidole chake cha shahada, ncha ya dole gumba, ya kidole cha kati na ya kidole cha mwisho cha kila mguu, yaani sehemu sita kwa jumla. Kila mguso huchukua sekunde moja au mbili. Asibonyeze, asipapase, wala asirudie mahali ambapo mgonjwa hakuhisi. Mgonjwa husema kila anapohisi ameguswa. Akikosa kuhisi sehemu mbili au zaidi kati ya sita, mguu wake uko hatarini.

Kipimo hiki kisiishie kwa wenye kisukari. Ukoma nao huua hisi za miguu na mikono, na aliyekwisha kumaliza dawa zake anaweza kubaki na ganzi maisha yake yote.

Mazungumzo ya mfano

Tabibu, ambaye kwa umri ni kijana wa mama yule, anamaliza kumpima.

"Mama, umehisi mara ngapi?"

"Mara mbili, mwanangu. Labda nyingine hukunigusa."

"Nimekugusa mara sita, mama."

Mama anafumbua macho na kuitazama miguu yake. Tabibu anamwacha kwanza, kisha anaendelea.

"Maumivu ni mlinzi wa mwili, mama. Katika miguu yako mlinzi huyo amelala. Maji yale hayatamwamsha, na yakikuunguza hatakuamsha wewe."

"Basi nisiende? Wajukuu wanasubiri."

"Nenda, mama. Ukaone jinsi maji yanavyotoka ardhini yakifuka moshi. Lakini viatu usivivue, na miguu isiingie majini. Na hizo dawa, usiache hata dozi moja."

Yapo mambo matatu ya kuzingatia katika mazungumzo haya. Tabibu hakulidharau tumaini la mgonjwa. Alimwonyesha hatari kwa mguu wake mwenyewe badala ya kumtisha kwa habari za watu wengine. Mwisho, hakumnyima furaha ya kuwa na wajukuu wake. Alimwekea mpaka mmoja ulio wazi. Kiini cha somo ni hiki: ganzi inayomfanya mgonjwa ayatamani maji ya moto ndiyo hiyo hiyo inayoyafanya maji hayo kuwa hatari kwake.

Mpango wa siku ya safari

Kabla ya kuondoka. Mgonjwa apime sukari na ale kifungua kinywa kwa wakati wake. Insulini ibebwe na mgonjwa mwenyewe, ndani ya kitambaa chenye unyevu au chombo kinachohifadhi ubaridi, wala isiachwe ndani ya gari lililoegeshwa juani. Abebe maji ya kunywa, chakula, na sukari au soda ya kawaida. Avae viatu vilivyofunika vidole na soksi, baada ya kukagua kwa mkono kwamba hakuna kokoto ndani. Mmoja wa wanafamilia, na mwongoza watalii pia, wajue kwamba ana kisukari.

Njiani. Ratiba za watalii hupenda kusogeza chakula cha mchana hadi alasiri. Mgonjwa asisubiri kundi. Saa yake ya kula ikifika, ale. Akitetemeka, akitokwa jasho la baridi au akianza kuchanganyikiwa, apewe vijiko vitatu vidogo vya sukari katika maji, kisha apimwe tena baada ya dakika 15 na apewe chakula. Akipoteza fahamu asinyweshwe kitu. Alazwe ubavu na akimbizwe hospitali.

Kwenye chemchemi. Asikaribie mahali maji yanapochemka, kwa kuwa kingo huteleza. Mwenye ganzi asiingize miguu katika maji yoyote ya moto, hata wenzake wakiwa wanaoga humo. Asijipimie joto kwa mikono yake, maana ganzi ya kisukari huweza kufika mikononi pia. Kwa wanafamilia wenye afya, mtu mzima na apime kwanza kwa kiwiko. Maji ya kukaa yasizidi nyuzi 40, na muda usizidi dakika 15. Mtoto ashikwe mkono wakati wote. Kichwa kisizamishwe, wala maji yasiingie puani: maji baridi yasiyo na chumvi yanapopata uvuguvugu huweza kuwa na amiba ambaye, ingawa ni nadra sana kumpata mtu, hupitia puani hadi kwenye ubongo na karibu kila mara huua.

Baadhi ya ziara hupitia pia mapango ya popo yaliyo katika bonde hilo. Vumbi la vinyesi vya popo huweza kubeba kuvu wanaoshambulia mapafu. Mwenye pumu au mwenye kinga dhaifu ni heri abaki nje.

Jioni. Kabla ya kulala, miguu ikaguliwe yote: juu, chini na katikati ya vidole. Asiyeweza kuinama atumie kioo au amwombe mjukuu. Lengelenge ambalo haliumi si habari njema. Kwa mwenye ganzi, kutouma ndiyo dalili yenyewe.

Ajali ikitokea

Aliyeungua atolewe majini. Sehemu iliyoungua imwagiwe maji safi ya kawaida yanayotiririka kwa dakika 20. Hatua hii husaidia hata ikichelewa, mradi zisipite saa 3. Pete, viatu na nguo zinazobana zivuliwe kabla ya uvimbe, lakini nguo iliyogandamana na ngozi isibanduliwe. Barafu isitumike. Dawa ya meno, mafuta, yai, unga na majivu visipakwe kamwe. Malengelenge yasitumbuliwe. Jeraha lifunikwe kwa kitambaa safi, na mgonjwa apelekwe kituo cha afya siku hiyo hiyo, ambako kinga ya pepopunda nayo itaangaliwa. Kwa mwenye kisukari, hakuna kuungua mguu kunakohesabiwa kuwa kudogo.

Tanzania ina uzoefu wake katika jambo hili. Mradi wa Hatua kwa Hatua, ulioanzishwa nchini katika muongo wa kwanza wa karne hii, uliwafunza madaktari na wauguzi wa mikoani kutunza miguu ya wenye kisukari, na ulionyesha kwamba elimu na tiba ya mapema huokoa miguu ambayo ingekatwa. Jeraha linalofika siku ya kwanza lina matibabu mengi. Linalofika baada ya wiki tatu, likiwa limeoza, huwa na machache.

Wengine wanaohitaji tahadhari

Mjamzito aepuke kuloweka mwili katika maji ya moto, hasa katika miezi mitatu ya kwanza, kwa kuwa joto kubwa la mwili huweza kumdhuru mtoto tumboni. Mwenye ugonjwa wa moyo usiotulia, mwenye homa, mwenye kidonda kibichi na aliyekunywa pombe wasiingie majini. Mwenye shinikizo la damu lililodhibitiwa anaweza kukaa kwa muda mfupi katika maji ya uvuguvugu, mradi ainuke polepole akiwa ameshikwa. Nao wanaotoka maeneo ya baridi kushukia mabondeni wakumbuke chandarua endapo watalala huko, na wapime malaria wakipata homa.

Hitimisho

Mama wa Wampembe alikuja na swali moja: miguu iloweke kwa muda gani? Jibu sahihi ni kwamba isiloweke kabisa. Lakini jibu hilo limfikie likiwa limebeba kipimo, sababu na mpango wa siku, ili aende na wajukuu wake na arudi kwa miguu yake yote miwili. Ganzi yenyewe ina njia zake za kutunzwa: kuidhibiti sukari, kuvaa viatu vinavyofaa, kukagua miguu kila siku, na kutumia dawa za maumivu ya mishipa ya fahamu pale daktari anapoona zinahitajika.

Maswali ya kujipima

1. Kwa nini mgonjwa wa kisukari asipime joto la maji kwa mkono wake mwenyewe?

2. Katika kipimo cha mguso, ni sehemu ngapi zisizohisi zinazoonyesha kwamba mguu uko hatarini?

3. Mgonjwa amedunga insulini pajani na anataka kuingia katika maji ya moto kabla ya kula. Utamweleza nini?

4. Jioni baada ya ziara, mgonjwa mwenye ganzi anaonyesha lengelenge kwenye unyayo na kusema haliumi. Ni hatua gani zifuate usiku huo huo?