Kigiriki cha Agano Jipya kwa Kichwa cha Mswahili

Mhariri ameniomba niandike kuhusu darasa la Kigiriki ninalohudhuria jioni baada ya maabara. Wengi mmekuwa mkiniuliza, mtu wa uhandisi, mambo yako vyuma na mitambo, Kigiriki cha nini?

Kusema ukweli chanzo ni aibu. Mwaka wangu wa kwanza hapa Uingereza nilikaa nyumba moja na Mpemba mmoja aliyekuwa anasoma uhasibu. Kila alfajiri baada ya swala alikuwa anasoma Kurani kwa Kiarabu, kama alivyofundishwa chuo cha Kurani akiwa mtoto. Siku moja tunakunywa chai akaniuliza, "Kaka, na nyie Injili yenu iliandikwa kwa lugha gani?" Nikamjibu haraka haraka, Kiebrania. "Unakijua?" Nikanyamaza. Baadaye nikaenda kuangalia, kumbe hata lugha yenyewe nilikuwa nimekosea! Kiebrania ni cha Agano la Kale, pamoja na sehemu chache za Kiaramu. Agano Jipya, vitabu vyote 27, limetufikia kwa Kigiriki. Na mimi ni mtoto wa mzee wa kanisa, nimekaririshwa mistari tangu shule ya Jumapili.

Basi nikajiandikisha. Ninayotaka kuwaambia leo ni jambo moja ambalo mwalimu hakunifundisha, nililigundua mwenyewe baada ya kuhangaika miezi kadhaa: sisi tunaozungumza Kiswahili tunakosea tunapojifunza Kigiriki kwa kupitia Kiingereza. Njia ya moja kwa moja ipo, na ni fupi zaidi.

Kwanza tuelewane ni Kigiriki gani. Si kile cha Plato, wala si hiki kinachozungumzwa Athens leo. Kinaitwa Koine, maana yake lugha ya wote. Baada ya Alexander Mkuu kilienea mashariki ya Mediterania, kikawa lugha ya sokoni, bandarini na ofisini, na kwa watu wengi kilikuwa lugha ya pili. Hapo Mswahili si unajiona nyumbani? Zamani wataalamu walidhani Agano Jipya lina Kigiriki chake cha pekee, kitakatifu. Kisha mafunjo yakafukuliwa Misri, barua za watu wa kawaida, stakabadhi, mikataba, na Mjerumani Adolf Deissmann akaonyesha kuanzia mwaka 1895 kwamba ni lugha ile ile ya watu. Tena waandishi hawafanani. Marko anaunganisha sentensi kwa *kai*, yaani "na", karibu kila mahali, na neno *euthys*, "mara moja", analitumia zaidi ya mara 40. Ni kama mtu anayekuhadithia kituo cha daladala. Waraka kwa Waebrania ni Kigiriki cha msomi. Mwenye kukijua Kiswahili cha Lubumbashi na cha Unguja mjini atanielewa.

Herufi ni 24, wiki moja inatosha, na kwa mtu wa hesabu nusu yake unazijua tayari: alfa, beta, delta, theta, sigma. Msamiati nao si mlima. Maneno yanayotokea mara 50 au zaidi katika Agano Jipya ni kama 320 tu, na hayo peke yake yanachukua karibu asilimia 80 ya maandishi yote. Kinachowaumiza watu ni kitenzi.

Na hapo ndipo Kiswahili kinapoingia. Kitenzi cha mfano katika vitabu vingi vya kufundishia ni *lyo*, na maana yake ni "nafungua". Kisha *lyeis*, unafungua, *lyei*, anafungua, *lyomen*, tunafungua, *lyete*, mnafungua, *lyousin*, wanafungua. Wanafunzi wenzangu Waingereza walikuwa wanalalamika: kwa nini mtendaji amo ndani ya kitenzi? Mimi nikashangaa wanashangaa nini. Sisi tunaye mwanzoni, Mgiriki anaye mwishoni, basi. Na vivumishi kubadilika kufuata nomino? Mtu aliyelelewa na "mtoto mzuri, kitu kizuri" hahitaji kuelezwa upatanisho ni kitu gani, japo jinsia tatu na vipashio vya mwisho vya majina utavikariri tu, hakuna dawa.

Sasa nyakati. *Elyen* ni alikuwa anafungua. *Elysen* ni alifungua. *Lelyken* ni amefungua. Hebu tazama: Kiingereza cha kila siku kinachanganya hizo mbili za mwisho, na vitabu vinatumia kurasa nyingi kueleza wakati timilifu wa Kigiriki, kwamba tendo limekamilika na hali iliyotokana nalo ipo. Sisi tuna -me-. Ukisema "mlango ulifunguliwa", sijui kama sasa uko wazi. Ukisema "mlango umefunguliwa", naingia. Neno la msalabani katika Yohana 19:30, *tetelestai*, ni timilifu, na Biblia ya Union Version inalitafsiri kwa neno moja, "imekwisha". Sidhani kama kuna lugha inayolifikia vizuri zaidi. (Tahadhari kwa watakaoanza: elysen ni mfano wa aoristi, na si kila aoristi ni -li-. Katika amri, kwa mfano, haina habari ya wakati uliopita. Msiibebe kanuni hii kama nati inayoingia kila bolti.)

Naomba niwape mfano ulionifanya nisiache darasa.

Miaka mitatu iliyopita baba yangu alifariki. Pasipoti yangu ilikuwa ofisini kwa ajili ya kuongeza viza, nikaambiwa nikiichukua maombi yanafutwa. Kwa hiyo sikwenda. Alizikwa Jumamosi, mimi niko huku. Wana-jumuiya walikuja chumbani kwangu na chai na maandazi, Mungu awabariki, na ndugu mmoja akasoma 1 Wakorintho 15. Nilikuwa nasikia sauti tu.

Mwaka uliofuata tukaifikia sura ile ile darasani. Katika mstari wa 3 na wa 4 Paulo anataja kwa kufuatana mambo aliyoyapokea na kuyakabidhi. La kwanza *apethanen*, alikufa. La pili *etaphe*, alizikwa. Zote aoristi. La tatu anabadili: *egegertai*. Timilifu. Kisha anarudi kwenye aoristi, *ophthe*, alionekana. Kwa hiyo kwa Kiswahili ni alikufa, alizikwa, amefufuliwa, alionekana. Katikati ya -li- tatu kuna -me- moja. Na si kuteleza kalamu, maana neno hilo hilo *egegertai* analirudia mara kadhaa mbele katika sura hiyo.

Nilifungua Union Version, nikakuta "alifufuka". Nisiwalaumu watafsiri, kwa sababu Paulo hapo hapo anataja siku ya tatu, na Kiswahili sanifu ukishataja siku kinapenda -li-. Pia Kiswahili kinakulazimisha uchague kati ya kufufuka na kufufuliwa, wakati umbo la Kigiriki linabeba yote mawili. Mimi nachagua kufufuliwa, maana katika mstari wa 15 Paulo anasema wazi kwamba Mungu ndiye aliyemfufua. Lakini ile -me- ilinikaa. Kwa baba yangu nina -li- mbili, alikufa na alizikwa, na zote sikuwepo. Paulo hazipunguzi hizo mbili, anaziacha kama zilivyo. Usiku ule nilimpigia mama nikamweleza habari za -li- na -me-. Akasikiliza hadi mwisho, akasema, "Mwanangu, hilo mimi nalijua, ila sikujua kama lina sarufi."

Faida ya pili ni "wewe" na "ninyi". Kiingereza cha leo kimezitia zote kwenye neno moja. Katika kikundi chetu cha Biblia tulibishana sana juu ya Luka 22:31-32, ndugu mmoja akishikilia kwamba Shetani alimtaka Petro peke yake, kwa sababu Biblia yake ya Kiingereza ndivyo inavyosomeka. Kigiriki kinasema *hymas*, ninyi, wote, halafu maombi ya Yesu ni kwa ajili ya *sou*, wewe mmoja. Ubishi wa saa nzima! Biblia ya Kiswahili aliyoletewa na mama yake ilikuwa kabatini, ina "ninyi" na "wewe" pale pale.

Lakini tusijisifu mno. Yohana 3 Yesu anamwambia Nikodemo habari ya kuzaliwa *anothen*. Neno hilo lina maana mbili, "upya" na "kutoka juu". Nikodemo analielewa kama mara ya pili, ndiyo maana anauliza habari ya tumbo la mama, na mazungumzo yote yanazunguka hapo. Mstari wa 31 wa sura hiyo hiyo neno ni lile lile na maana yake ni "kutoka juu" bila ubishi. Union Version inasema "mara ya pili", yaani imechagua sikio la Nikodemo. Kwetu watu wameulizana "umezaliwa mara ya pili?" kwa vizazi, na sijasikia hata mmoja akiulizwa kama amezaliwa kutoka juu. Hapo Kiswahili hakitakusaidia, sharti urudi kwenye Kigiriki.

Na Kigiriki kidogo ni hatari, nawaonya. Nimemsikia mhubiri akisema *dynamis*, nguvu ya Mungu, ni baruti ya dinamiti. Jamani! Dinamiti ilipewa hataza mwaka 1867, na Alfred Nobel ndiye aliyeazima neno la Kigiriki, si Paulo aliyeazima kwa Nobel. Nawaambia kama injinia, dinamiti inabomoa.

Mlio kaskazini mwa Uingereza, siku moja nendeni Manchester, maktaba ya John Rylands pale Deansgate. Wanahifadhi kipande cha funjo cha Injili ya Yohana, hakizidi sana kadi ya benki, chenye maneno ya Yesu mbele ya Pilato, sura ya 18. Wengi wanakiweka karne ya pili, wengine wanaonya kwamba huenda ni baadaye kidogo. Kimeandikwa pande zote mbili, ishara kwamba kilikuwa ukurasa wa kitabu. Maneno hayana nafasi kati yake, yamebanana kama abiria. Nilisimama pale nikaweza kusoma herufi chache tu, nikampigia picha yule Mpemba, siku hizi yuko Muscat. Akanijibu, "Sasa unakijua?" Nikamwambia nusu nusu.

Kuanzia muhula ujao tutakuwa tukikutana watu watano Jumanne jioni, baada ya saa moja. Tutaanza na 1 Yohana, sentensi zake fupi na msamiati wake mdogo. Njoo na Biblia ya Kiswahili, ya Kiingereza iache nyumbani. Daftari nitaleta mimi.