Jembe la Shambani na Jembe la Ngomani

Katika somo hili twataka kulitazama neno moja ambalo watu hulitamka upesi pasipo kulipima, nalo ni neno "kuiga". Husemwa, "Fulani anaiga tu," yaani hana lake mwenyewe. Kasuku huiga, nyani huiga, mtoto mdogo huiga. Lakini mtu achongaye sanamu, au achezaye ngoma, au atungaye hadithi, yeye naye aiga kitu alichokiona katika maisha. Je, kuiga kwake ni sawasawa na kuiga kwa kasuku? Na tena, ni nani amfuataye mwenzake? Mchezo huyafuata maisha, au maisha huufuata mchezo? Hatuna haja ya kwenda mbali kutafuta jibu, maana jambo hili laonekana waziwazi katika nchi ya Wasukuma, na hasa kwa Wanyantuzu wa Bariadi na jirani zao wa Maswa, Itilima, Meatu na Busega, yaani wilaya ambazo tangu mwaka 2012 zimekuwa mkoa mmoja wa Simiyu.

Wengi wameiona ngoma iitwayo bugobogobo. Wachezaji huingia kwa safu, kila mmoja ana jembe mkononi, na ngoma kubwa zavuma. Huinama pamoja, huinua majembe pamoja, hupiga pamoja. Kisha mdundo huongezeka mwendo, na majembe huzungushwa mikononi, hurushwa juu na kudakwa tena. Mgeni aitazamaye husema, "Hawa wanaiga kulima." Kweli, lakini hajasema lote.

Maana ngoma hii haikuzaliwa uwanjani, ilizaliwa shambani. Zamani, kabla ya plau ya kukokotwa na ng'ombe kuenea, shamba lililimwa kwa mikono tu, na mtu mmoja hakuweza kuimaliza kazi yake kabla mvua hazijampita. Kwa hiyo vijana wa kijiji walikuwa na chama chao cha kulima, kiitwacho elika, chini ya mkubwa wao aitwaye nsumba ntale. Mwenye shamba aliwaita, nao wakaja wote, wakajipanga safu moja, wakalima. Na baada ya kazi wakapewa ng'ombe wa kuchinja, au pombe. Pamoja nao walikuwapo wapiga ngoma na mwimbaji, na safu ilikwenda mbele kwa kufuata mdundo. Aliyechoka hakuweza kusimama peke yake, kwa kuwa mdundo ulimchukua. Aliyekuwa na haraka naye hakuweza kuwaacha wenzake nyuma.

Hapo ndipo ilipo siri ambayo mgeni hakuiona. Ngoma imetwaa mambo yake katika kulima, ndiyo; lakini kulima kwenyewe kulikuwa kumekwisha pokea mwendo wake katika ngoma. Mkono wa mkulima uliinuka wakati ngoma ilipolia, si wakati yeye mwenyewe alipotaka. Basi ukiuliza nani amwigaye mwenzake, huwezi kujibu kwa neno moja. Kazi imeupa mchezo umbo lake, nao mchezo umeipa kazi utaratibu.

Tuangalie pia mambo ambayo ngoma imeyaacha. Kulima kuna malengelenge ya mkononi, kuna kiu, kuna jua la utosini, kuna kisiki kivunjacho mpini, kuna mgongo usionyooka jioni. Katika bugobogobo huyaoni haya. Imechagua kuinuka kwa mkono, na ulinganifu wa safu, na furaha ya watu wengi wafanyao jambo moja. Kasuku hachagui, hurudia hata matusi aliyoyasikia. Mcheza ngoma huchagua. Na kile alichokichagua huwa kama kipimo, maana kijana aliyekwisha kuiona safu nzuri uwanjani huenda shambani akijua jinsi safu nzuri ilivyo, naye huona haya kuipinda. Mwandishi mmoja wa Ireland, Oscar Wilde, aliandika mwaka 1889 kwamba maisha huiga sanaa kuliko sanaa inavyoyaiga maisha, akatoa mfano wa ukungu wa London: ulikuwako siku zote, asema, lakini watu hawakuuona uzuri wake mpaka wachoraji walipowafundisha kuutazama. Alipenda kusema maneno ya kushangaza watu, wala hatumfuati katika yote. Lakini mzee wa elika angalimwelewa mara moja.

Sasa yatupasa kusikia shitaka la zamani. Plato, mwenye hekima wa Wayunani, aliyeishi zaidi ya miaka mia tatu kabla ya Kristo, hakuwapenda waigaji. Alisema hivi kwa maana yake, si kwa maneno yake: kuna kitanda kama kilivyo katika kweli yake, ambacho ni kazi ya Mungu, kuna kitanda cha seremala, ambacho chakifuata kile cha kwanza, na kuna kitanda cha mchoraji, ambacho chafuata sura ya kile cha seremala tu. Mchoraji yuko mbali na kweli hatua tatu. Achora kitanda, lakini hajui kutengeneza kitanda. Mwanafunzi wake Aristotle akamjibu kwa upole kwamba kuiga ni tabia ya mwanadamu tangu utoto, na kwamba kwa kuiga ndiko tuanzako kujifunza. Maneno ya Aristotle ni mazuri, na kila mzazi ayajua. Hata hivyo shitaka la Plato lafaa lipimwe kwa jembe.

Kwa habari za mcheza bugobogobo wa zamani, shitaka hili halisimami. Mchoraji wa Plato hakuwa seremala, lakini mchezaji huyu alikuwa mkulima. Mkono ulioinua jembe mbele ya watu ulikuwa ndio ule ule ulioliinua shambani. Hakuwa hatua tatu mbali na kweli; kweli ilikuwa katika viganja vyake, imegeuka sugu. Vivyo hivyo Bayeye, watu wa chama cha nyoka. Hao hawakuiga hata kidogo, maana nyoka wao alikuwa nyoka hasa, nao walijifunza kumkamata na kutibu sumu yake kabla hawajacheza naye. Na chama cha bununguli, wawindaji wa nungunungu, walioingia katika mashimo ya mnyama yule wakitambaa, walikuwa na ngoma yao iliyotokana na uwindaji wao. Katika hao wote ujuzi ulitangulia, mchezo ukafuata.

Lakini hata zamani hizo ngoma ilikuwa na mabwana wawili. Bwana wa kwanza alikuwa kazi, na wa pili alikuwa watazamaji. Katika karne ya 19 waganga wawili mashuhuri wa ngoma, Ngika na Gumha, walishindana, na kutoka kwao zikatoka jamii mbili, Bagika na Bagalu, ambazo hushindana mpaka leo. Wakati wa kiangazi, mavuno yakiisha, pande mbili hucheza katika uwanja mmoja, na upande uvutao watu wengi ndio ushindao. Kwa ajili ya kuvuta watu wakatumia dawa, wakatumia nyoka, wakatoa sanamu kubwa za mti zenye mikono ya kuchezeshwa. Mwenye kufika Bujora karibu na Mwanza aweza kuona vyombo vya namna hiyo katika nyumba ya makumbusho iliyoanzishwa na Padre David Clement, mmisionari wa Kikatoliki, na ngoma za mashindano huchezwa huko kila mwaka mwezi wa Juni. Mimi nadhani kurusha jembe juu kulipata heshima yake katika mashindano haya. Kulima hakuhitaji jembe lirushwe angani. Macho ya watu ndiyo yanayohitaji. Wamisionari wengi wa kwanza walizikataza ngoma zote pamoja kwa sababu ya dawa na mambo ya usiku, wala hawakuitenga safu ya jembe na hayo mengine. Katika jambo hilo walikata mti mzima kwa ajili ya tawi.

Tuje sasa kwenye siku zetu. Plau imeingia, na katika mashamba mengine trekta pia, na safu ya elika haionekani tena kama ilivyokuwa. Ngoma yake haikufa. Imekwenda mbali: tangu miaka ya 1960 bugobogobo imechezwa na vikundi vya taifa, na watoto wa shule huicheza kuwapokea wakubwa wa serikali. Hufundishwa pia katika Chuo cha Sanaa cha Bagamoyo, kilichofunguliwa mwaka 1981, kwa wanafunzi waliotoka kila upande wa nchi. Wengi wa wachezaji hao hawajapata kulima hata tuta moja. Majembe yao yang'aa, mipini imepakwa rangi. Hapo shitaka la Plato lafufuka, na safari hii si rahisi kulijibu: kitanda kimechorwa na mtu asiyejua useremala.

Wala jembe la mkono halijatoka Simiyu. Mkoa huu ni wa kwanza kwa pamba katika nchi yetu, na ingawa plau yafungua shamba, palizi katika mashamba mengi bado ni ya mkono. Nenda wakati wa palizi ukatazame ni nani aliyeinama. Mara nyingi utamkuta mama peke yake, au pamoja na watoto wake, bila ngoma, bila safu, bila mwimbaji. Uwanjani vijana wanaonyesha furaha ya jembe, na shambani mama anabeba uzito wake. Hili ndilo linalonisumbua katika jambo lote, si mipini ya rangi. Kile ambacho ngoma ilikichagua zamani, yaani kwamba mtu asiachwe peke yake na kazi yake, sasa chaonekana mchezoni tu, nasi twakipigia makofi.

Mtume Paulo aliwataka Wathesalonike wamwige, katika Waraka wa Pili, mlango wa tatu. Walimu wautazame mlango huo vizuri. Jambo alilotaka waliige hapo si usemi wake wala mwendo wake. Aliwakumbusha jinsi alivyofanya kazi kwa mikono yake usiku na mchana, asimlemee mtu. Naye aliyasema hayo akiwa fundi wa mahema kweli, kama tusomavyo katika Matendo, mlango wa 18. Aliyetaka kuigwa alikuwa na sugu.

Mwalimu atakayelisoma somo hili pamoja na vijana wa usharika, na amtafute mzee mmoja, mume au mke, aliyepata kulima katika safu ya elika. Amwombe alete jembe lake mwenyewe. Kwanza aonyeshe pigo la shambani, polepole, pasipo ngoma, mara kadhaa. Kisha kijana ajuaye kucheza asimame kando yake aonyeshe pigo la ngomani, naye polepole vilevile. Vijana waangalie miguu, kiuno na mikono ya wote wawili, wataje ni wapi inapofanana na ni wapi inapoachana. Mwisho wabadilishane: mzee apewe jembe la rangi, na kijana apewe lile la mzee, waende wote nje mpaka palizi ya jirani iliyo karibu.