Hanayagi Harumi na Suala la Sauti ya Mwanamke katika Filamu za Awali za Japani

Makala haya yanamhusu Hanayagi Harumi, mwigizaji ambaye kwa kawaida hutajwa kwa sentensi moja tu: kwamba ndiye mwanamke wa kwanza kuigiza katika filamu za Kijapani. Kauli hiyo haistahimili uchunguzi. Ngoma za geisha zilipigwa picha za sinema tangu 1899, na Nakamura Kasen aliigiza katika filamu takriban muongo mmoja kabla ya Hanayagi. Tunashikilia kwamba umuhimu wake uko kwingine, nao hauonekani mpaka tulichunguze kwanza neno onnagata.

Mwaka 1629 utawala wa Watokugawa uliwapiga wanawake marufuku katika majukwaa ya kabuki. Baadaye nafasi za kike zikashikwa na wanaume walioitwa onnagata. Onna ni ‘mwanamke’. Kata, ambayo hapa hutamkwa gata, ni ‘umbo’ au ‘ruwaza’. Kwa mantiki hiyo, kilichotazamwa kilikuwa ruwaza ya uanauke iliyorithishwa kutoka kwa bingwa hadi kwa mwanafunzi. Mwanamke aigizaye ana neno lake, joyū. (Kiswahili, chenye mwigizaji mmoja kwa jinsia zote, hakina jozi ya namna hii.) Filamu ilirithi desturi hiyo bila taabu: kamera ilikaa mbali, hivyo umbo lilitosha, na sauti ilitolewa na benshi, msimulizi aliyesimama kando ya skrini akiwasemea wahusika.

Kaeriyama Norimasa, aliyechapisha mwaka 1917 kitabu kuhusu utungaji na upigaji wa filamu, aliupinga mtindo huo. Filamu yake Sei no kagayaki, yaani ‘Mng’aro wa Maisha’, ilipigwa 1918 na kuonyeshwa Septemba 1919. Hanayagi, aliyetoka katika tamthilia za mtindo mpya, aliigiza msichana wa kijijini aliyeachwa na kijana wa tabaka la juu, akajaribu kujiua. Kaeriyama alikusudia picha za karibu na maandishi ya skrini. Mambo haya mawili yanategemeana. Kamera inaposogea, ruwaza ya jukwaani hujifichua kuwa ruwaza. Uso wa joyū ndio unaohitajika. Nayo maandishi yalinuiwa kumpa mhusika maneno yake mwenyewe, pasipo kusemewa.

Hata hivyo, kuuita ujio wa Hanayagi ukombozi ni kutia chumvi. Benshi hawakuondoka, waliendelea kusimulia filamu bubu hadi miaka ya 1930. Hanayagi alipata uso, lakini watazamaji walimsikia kupitia kinywa cha mtu mwingine, na kwa kawaida mtu huyo alikuwa mwanamume.

Nakala ya filamu hiyo haikusalia. Kampuni ya Nikkatsu iliendelea kuwatumia onnagata hadi mwanzoni mwa miaka ya 1920, wakati ambapo Kurishima Sumiko, aliyeanza kuigiza katika studio ya Shochiku mwaka 1921, alikuwa amekwisha kumfunika Hanayagi kwa umaarufu.