MSHITAKIWA ANAPOKUWA MGONJWA WA AKILI



Ndugu msomaji, katika ukurasa huu tumezoea kuzungumzia malaria, lishe ya watoto na afya ya mama mjamzito. Mwezi huu tunagusa jambo ambalo familia nyingi hulinong'ona tu nyuma ya nyumba, nalo ni hili: mgonjwa wa akili anapotenda kosa kubwa na kufikishwa mahakamani. Hapo ndugu hujiuliza: Sheria inamtazama vipi? Mtaalamu wa akili anaitwa kufanya nini? Na sisi tuliokaa naye tunatakiwa tuseme nini? Tutafuata sheria zinazotumika Tanzania Bara.

Kabla ya yote tukumbuke kwamba wagonjwa walio wengi wa akili hawamdhuru mtu. Mara nyingi wao ndio wanaopigwa, wanaofungwa kamba na kunyang'anywa mali. Hivyo basi, somo hili lisimfanye yeyote amwogope jirani yake anayetumia dawa za akili.

SAIKOLOJIA INAINGIAJE MAHAKAMANI?

Saikolojia ni elimu inayochunguza nafsi, fikira na tabia za mwanadamu. Ugonjwa wa akili unapotokea, daktari wa magonjwa ya akili ndiye hutambua maradhi na kutoa dawa. Mwanasaikolojia hupima kumbukumbu, uelewa na hisia, na kumsaidia mgonjwa kwa mazungumzo. Mahakama inawahitaji kwa sababu katika makosa makubwa haitazami mkono tu uliotenda. Inatazama pia nia. Mtu aliyemgonga mwenzake kwa bahati mbaya na yule aliyemvizia njiani wanaweza kuleta msiba ule ule, lakini hatia yao si moja. Basi, mtu ambaye akili yake ilikuwa imevurugika kwa maradhi tumweke wapi?

SWALI LA ZAMANI

Swali hili lilitikisa Uingereza mwaka 1843. Mtu mmoja aitwaye Daniel M'Naghten alimpiga risasi Edward Drummond, katibu wa Waziri Mkuu Robert Peel, mjini London. Drummond alifariki siku chache baadaye, na inaaminika kwamba mpigaji alidhani anamlenga Waziri Mkuu mwenyewe. M'Naghten aliamini kwamba chama kilichokuwa madarakani kilikuwa kikimwandama usiku na mchana. Madaktari walieleza mahakamani juu ya ugonjwa wake, na baraza la wazee wa mahakama likaona kwamba hana hatia kwa sababu ya wazimu. Hakurudi mtaani, alikaa katika hospitali za wagonjwa wa akili hadi alipofariki mwaka 1865.

Watu wengi walikasirika, naye Malkia Victoria hakufurahi. Bunge la Mabwana likawauliza majaji waeleze sheria wazi. Majibu yao yalienea katika nchi zilizotawaliwa na Waingereza, na fikira hiyo iliingia Tanganyika pamoja na Kanuni ya Adhabu mwanzoni mwa miaka ya 1930.

SHERIA YETU INASEMA NINI?

Kanuni ya Adhabu inaanza kwa kumchukulia kila mtu kuwa ana akili timamu, mpaka ithibitike vinginevyo. Kisha inasema kwamba mtu hawajibiki kwa kosa ikiwa, wakati wa tendo, maradhi yaliyoathiri akili yake yalimfanya:

(a) asiweze kuelewa anachofanya, au
(b) asiweze kutambua kwamba hapaswi kukifanya, au
(c) asiwe na uwezo wa kujizuia katika tendo lile.

Tuangalie vizuri. Sheria haisemi kwamba kila aliyewahi kuugua akili hana hatia. Mtu anaweza kuwa na kadi ya kliniki ya miaka kumi, na bado siku aliyoiba ng'ombe akajua barabara kwamba anaiba. Kinachotafutwa ni hali ya akili katika saa ile.

Mwenye wajibu wa kuonyesha ugonjwa ni upande wa mshitakiwa. Hadaiwi kuthibitisha pasipo shaka yoyote kama upande wa mashitaka unavyodaiwa. Inatosha mizani iinamie upande wake.

Pombe na bangi je? Aliyekunywa kwa hiari yake hawezi kujitetea kwa kusema tu kwamba alikuwa amelewa. Ni jambo lingine ikiwa alileweshwa na mwingine bila ridhaa yake, au ulevi ulimfikisha kwenye wazimu. Mahakama inaweza pia kuutazama ulevi inapopima kama alikuwa na nia ya kutenda kosa.

Yupo pia mama aliyejifungua. Baadhi ya akina mama hupatwa na ugonjwa mkali wa akili siku au wiki chache baada ya uzazi: hawalali, husikia sauti, huamini kwamba mtoto si wao. Sheria imewafikiria. Mama akimwua mtoto wake aliye chini ya miezi 12, huku akili yake ikiwa imevurugika kwa sababu ya uzazi au kunyonyesha, kosa lake huitwa kuua mtoto mchanga, na adhabu yake hupimwa kama ya kuua bila kukusudia. Tofauti hii ni kubwa mno, maana adhabu iliyoandikwa kwa kuua kwa kukusudia ni kifo. Ni kweli kwamba tangu mwaka 1994 hakuna aliyenyongwa Tanzania, lakini hukumu hiyo hutolewa, na aliyehukumiwa huishi gerezani chini ya kivuli chake.

NYAKATI MBILI ZISICHANGANYWE

Hapa ndipo watu wengi hukosea. Mahakama huwa na maswali mawili, na kila moja lina wakati wake.

Swali la kwanza ni la leo: Je, mshitakiwa anaweza kuifuata kesi yake? Anaelewa mashitaka? Anaweza kuzungumza na wakili wake? Kama hawezi, kesi husimama ili atibiwe, kwa kuwa si haki kumhukumu mtu asiyejua kinachoendelea.

Swali la pili ni la siku ya tendo: Wakati ule akili yake ilikuwaje?

Tuseme kijana amepatwa na homa kali iliyopanda kichwani, akaweweseka na kumjeruhi baba yake. Baada ya wiki mbili amepona, anasimama kizimbani msafi na anajibu vizuri. Watu husema, "Huyu si mgonjwa, anatudanganya!" Kumbe uzima wa leo hauonyeshi hali ya siku ile. Upande wa pili, mtu anaweza kuua akiwa timamu kabisa, kisha akaugua akili akiwa mahabusu kwa hofu na majuto. Ugonjwa wa leo nao haufuti nia ya jana.

HOSPITALI INAFANYA KAZI GANI?

Mahakama ikiona dalili kwamba mshitakiwa huenda hakuwa na akili timamu alipotenda, inaweza kuahirisha kesi na kuamuru apelekwe hospitali ya magonjwa ya akili kuchunguzwa. Sheria ya Mwenendo wa Makosa ya Jinai ya mwaka 1985 iliweka muda wa siku 42 kwa daktari mkuu wa hospitali hiyo kuandika taarifa yake na kuipeleka mahakamani. Mahali panapojulikana zaidi kwa kazi hii ni Isanga, Dodoma, taasisi iliyo chini ya Hospitali ya Mirembe.

Watu hudhani daktari humwuliza mshitakiwa maswali matatu, akaandika cheti. La hasha! Anazungumza naye siku mbalimbali. Wauguzi hutazama anavyolala, anavyokula, anavyoishi na wenzake wakati anapojua anaangaliwa na wakati asipojua. Hupimwa pia mwili, kwa kuwa kifafa, kaswende iliyokomaa, jeraha la kichwa au Ukimwi vinaweza kuvuruga akili. Anayejifanya mgonjwa mara nyingi hujifichua, kwa sababu ni vigumu kuigiza ugonjwa mchana na usiku kwa wiki nyingi.

Hata hivyo, mtaalamu hakuwepo siku ya tukio. Mgonjwa mwenyewe huenda hakumbuki. Kwa hiyo daktari hutegemea sana maelezo ya wale waliokuwepo, yaani mke, mama, jirani, mwenyekiti wa kitongoji na katekista. Bila hayo anaweza kusema jinsi mtu alivyo leo, lakini saa ile ya tendo inabaki gizani.

Taarifa ikifika, hakimu au jaji ndiye anayeamua. Mahakama hailazimiki kukubali maoni ya daktari, ila ikiyakataa inapaswa kutoa sababu. Ikiridhika juu ya ugonjwa, hutamka kwamba mshitakiwa alitenda tendo lile, lakini hana hatia kwa sababu ya ugonjwa wa akili. Haachiwi aende nyumbani siku hiyo hiyo. Huwekwa mahali pa matibabu na ulinzi mpaka mamlaka iridhike juu ya hali yake.

FAMILIA ISEME NINI?

Wahenga walisema, mficha maradhi kifo humuumbua. Familia nyingi huficha ugonjwa kwa aibu: binti asikose mchumba, ukoo usiitwe ukoo wa vichaa. Siku ya kesi inapofika hakuna kadi, hakuna shahidi, na mgonjwa anahukumiwa kama mtu mzima wa akili. Wengine hufanya kinyume chake, wakabuni ugonjwa ili kumwokoa ndugu yao. Maelezo yao yakigongana, hata mgonjwa wa kweli haaminiwi.

Ndugu wa mshitakiwa wafanye yafuatayo:

1. Mwambieni wakili mapema juu ya ugonjwa. Katika kesi ya mauaji, asiye na uwezo hupewa wakili na Serikali. Askari wa upelelezi naye aambiwe.

2. Tunzeni kadi za kliniki, vyeti na hata paketi za dawa. Kama alitibiwa kwa mganga wa kienyeji au alipelekwa kuombewa, semeni lini na kwa nini.

3. Elezeni mliyoyaona, si mnayoyahisi. Kusema "alilogwa" au "alikuwa kichaa" hakumsaidii daktari. Kusema "hakulala siku nne, alikataa chakula akidai kina sumu, alizungumza na mtu asiyeonekana" kunamsaidia sana.

4. Elezeni saa za kabla na za baada ya tendo. Je, aligombana na marehemu? Alikimbia? Alificha panga, au alikaa pale pale akiimba? Semeni kweli hata kama inauma.

5. Msifiche kifafa, ajali ya kichwa, ulevi au bangi, wala kwamba aliacha dawa.

6. Mtembeleeni. Wapo wagonjwa waliopona ambao hubaki hospitalini kwa sababu nyumbani hakuna anayekubali kuwapokea.

Na kabla mambo hayajafika huko: mgonjwa akianza kutishia, akiamini kwamba mtu fulani anataka kumwua, au akiacha dawa na kukosa usingizi, msingoje. Ondoeni panga na shoka karibu naye, msibishane naye, na mfikisheni kituo cha afya au hospitali ya wilaya siku hiyo hiyo. Sheria ya Afya ya Akili ya mwaka 2008 imeweka njia ya kumpatia matibabu hata anayekataa.

NA WALIOFIWA JE?

Ni vigumu kumwambia mama aliyempoteza mwanawe kwamba aliyemwua hana hatia. Tusimharakishe. Tumweleze kwamba mahakama haikusema mwanawe hakuuawa. Imetamka wazi nani alitenda. Nao waliofiwa wanahitaji mtu wa kuwasikiliza, kwa kuwa huzuni ya kifo cha namna hii hukaa muda mrefu na yaweza kuleta sonona. Parokia inayompelekea sabuni mgonjwa aliye Isanga ikumbuke pia kubisha hodi katika nyumba ya marehemu. Mara nyingi nyumba hizo mbili zimo katika jumuiya moja, na wakati mwingine ni nyumba moja.

KANISA LINAFUNDISHA NINI?

Wakristo hatupaswi kuona jambo hili kuwa geni. Tangu mafundisho ya Komunyo ya kwanza tumejifunza kwamba dhambi ya mauti inahitaji jambo zito, ujuzi kamili na ridhaa kamili. Katekisimu ya Kanisa Katoliki ya mwaka 1992, namba 1735, inakiri kwamba hofu, mazoea na mambo ya kisaikolojia yanaweza kupunguza au hata kuondoa uwajibikaji wa mtu. Mwaka 2018 Baba Mtakatifu Fransisko aliagiza Katekisimu hiyo ifundishe kwamba adhabu ya kifo haikubaliki. Naye Bwana wetu alijifananisha na mgonjwa na mfungwa. Ndugu huyu ni yote mawili kwa pamoja.

MASWALI YA KUJADILI KATIKA JUMUIYA NDOGO NDOGO

1. Katika jumuiya yetu yupo mgonjwa wa akili anayefichwa ndani? Nani anaweza kuzungumza na familia yake?
2. Kwa nini uzima wa mshitakiwa siku ya kesi hautoshi kuonyesha kwamba alikuwa mzima siku ya tendo?
3. Mgonjwa aliyetenda kosa akirudi kijijini baada ya kutibiwa, tutampokeaje, na tutasimamaje pamoja na familia aliyoijeruhi?

Mungu awape afya njema ya mwili na roho. Tukutane mwezi ujao.