Pima Kwanza, Kisha Uite Lori: Hesabu ya Kokoto za Njia ya Gari na Baraza

Katika mtaa wa Jamhuri na mitaa mingine iliyo kando ya Barabara ya Ngong, wenye nyumba wengi hutaka njia nzuri ya gari kutoka langoni hata mlangoni, na baraza ya kukalia nyuma ya nyumba. Ni jambo jema. Lakini mara nyingi huonekana makosa mawili. Kwa jirani mmoja kokoto zimekwisha kabla njia haijafika nusu, na fedha zimekwisha pamoja nazo. Kwa jirani wa pili lundo la kokoto limekaa nje ya lango miezi mitatu, limeziba mtaro, na mvua ikinyesha maji huingia nyumbani mwa watu wengine. Wote wawili walikosa jambo moja tu: waliuliza, "Malori mangapi?" wala hawakupima mahali penyewe.

Hesabu hii si ngumu. Mtoto wa darasa la sita aweza kuifanya akiwa na utepe wa kupimia, kalamu na karatasi. Mambo yanayotakiwa ni manne: eneo, unene, nyongeza ya kushindilia, na uzito.

KAZI YA KOKOTO

Watu husifu matofali au saruji ya juu, lakini kinachobeba gari ni msingi wa chini. Tazama reli: mataruma yake hulala juu ya mawe yaliyovunjwa yenye pembe kali. Mawe ya mtoni yaliyo mviringo huteleza, bali mawe yenye pembe yakishindiliwa hushikana kama vidole vya mikono miwili. Mskochi John Loudon McAdam, aliyefariki mwaka 1836, alijipatia sifa kwa kufundisha jambo hilo: barabara hushikwa na vipande vidogo vya mawe vyenye pembe, mradi maji yasisimame chini yake.

Kwa msingi wa nyumbani yafaa kununua kokoto za mchanganyiko, yaani kuanzia vumbi la mawe hata vipande vya sentimeta 4 hivi. Vipande vidogo huingia katika nafasi za vikubwa, na msingi huwa imara. Kokoto za ukubwa mmoja, ambazo mafundi wa Nairobi huziita balasti, ni nzuri kwa zege, lakini zikiwa peke yake huacha nafasi nyingi na kuchezacheza chini ya magurudumu.

UDONGO NDIO UNAOAMUA UNENE

Nairobi ina udongo wa namna mbili ulio mashuhuri. Upande wa magharibi na kaskazini, penye miinuko, kuna udongo mwekundu, ambao ukiwa mkavu hubeba mzigo vizuri. Upande wa mashariki na kusini, kuelekea uwanda wa Athi, kuna udongo mweusi ambao huvimba ukipata maji na kupasuka wakati wa kiangazi. Usitegemee jina la mtaa. Viwanja viwili vilivyopakana vyaweza kutofautiana, na pengine kiwanja kilijazwa udongo wa kuletwa. Chukua jembe, chimba shimo la nusu meta, ukatazame mwenyewe.

Ikiwa udongo ni mwekundu na mgumu, msingi wa njia ya gari dogo huwa sentimeta 15 baada ya kushindiliwa, na wa baraza ya watu huwa sentimeta 10. Ikiwa udongo ni mweusi, hapana budi kuuchimba na kuuondoa, kisha kujaza mawe kwa unene wa sentimeta 30 au zaidi. Hapo chini hutangulia mawe makubwa, ambayo mafundi huyaita hadikoo, na kokoto huja juu yake.

HESABU YENYEWE

Tuseme mtu ana njia ya gari yenye urefu wa meta 12 na upana wa meta 2.70. Msingi haufai kukoma sawasawa na ukingo, maana ukingo utabomoka. Aongeze sentimeta 15 kila upande, na upana utakuwa meta 3. Nyuma ya nyumba ana baraza ambayo, baada ya kuongeza ukingo vivyo hivyo, ni meta 4 kwa meta 3. Udongo wake ni mwekundu.

Kwanza, eneo. Njia: 12 mara 3 ni meta za mraba 36. Baraza: 4 mara 3 ni meta za mraba 12.

Pili, unene. Hapa ndipo wengi hupotea, kwa kuwa huchanganya meta na sentimeta. Sentimeta 15 ziandikwe 0.15 ya meta, na sentimeta 10 ziandikwe 0.10. Njia: 36 mara 0.15 ni meta za ujazo 5.40. Baraza: 12 mara 0.10 ni 1.20. Jumla ni 6.60.

Tatu, nyongeza ya kushindilia. Hiki ndicho kiini cha somo letu. Zile 6.60 ni kokoto zilizokwisha kushindiliwa, bali lori huleta kokoto zilizolegea. Madebe 10 ya kokoto zilizolegea, yakishindiliwa vizuri, hubaki kama madebe 8. Kwa hiyo zidisha kwa 1.25: 6.60 mara 1.25 ni 8.25. Ongeza sehemu 5 katika 100 kwa zile zitakazomwagika na kuzama udongoni, nawe utapata meta za ujazo 8.66. Asiyefanya nyongeza hii atapungukiwa, hata kama vipimo vyake vingine vyote ni sahihi.

Nne, uzito. Meta moja ya ujazo ya kokoto zilizolegea huwa na uzito wa tani 1.5 hivi. Basi 8.66 mara 1.5 ni tani 13 kamili, kasoro kidogo sana. Ukitaka kuhakikisha, pima debe moja la lita 20 katika mizani. Madebe 50 ya namna hiyo ni meta moja ya ujazo. Debe likiwa na kilo 30, meta nzima ina kilo 1,500.

Sasa fikiri kwamba mtu huyo alichimba akaona udongo mweusi. Njia ni ile ile, lakini unene ni 0.30. 36 mara 0.30 ni 10.80, mara 1.25 ni 13.50, mara 1.5 ni zaidi ya tani 20, na hiyo ni njia peke yake bila baraza. Kwa unene wa kwanza njia hiyo ilitaka tani 10 tu. Shimo moja la kujaribia, kazi ya robo saa, limemwonyesha gharama mara mbili kabla hajatoa hata shilingi moja. Yafaa ajue mapema, ajenge nusu mwaka huu na nusu mwaka ujao, kuliko kutandaza kokoto haba juu ya udongo mweusi na kuziona zikizama wakati wa masika.

MAHALI PASIPO NA PEMBE NNE

Njia ikipinda, pima urefu wake katikati, si ukingoni. Mahali pa pembe tatu, zidisha urefu kwa upana kisha ugawe kwa 2. Mahali pa mviringo, pima kutoka katikati hata ukingoni, zidisha kipimo hicho kwa chenyewe, halafu kwa 3.14. Umbo lililochanganyika ligawe vipande, ukokotoe kila kimoja, kisha ujumlishe.

LORI LIPIMWE KABLA YA KUMWAGA

Kokoto nyingi za Nairobi hutoka machimboni upande wa Mlolongo na Mto Athi, nazo hupita mjini kote kabla ya kufika Jamhuri. Safari moja zaidi kwa ajili ya kokoto kidogo zilizopungua hugharimu karibu sawa na safari ya lori zima. Kwa hiyo neno "lori la tani 7" lisikutoshe. Kabla ya dereva kumwaga, panda upime ndani ya bodi. Ikiwa urefu ni meta 3, upana meta 2, na kokoto zimefika kimo cha 0.80, hapo kuna meta za ujazo 4.80, yaani tani 7 na kidogo. Safari mbili zitatosha kazi yetu na kubakiza kidogo. Lakini kokoto zikifika kimo cha 0.60 tu, kuna meta 3.60, ambazo ni tani 5.4. Safari mbili za namna hiyo zitakupunguzia zaidi ya tani 2, nawe utakuwa umelipia tani 14.

Ukinunua kwa uzito, omba stakabadhi ya mizani, na ukumbuke kwamba vumbi la mawe lililolowa huwa zito zaidi. Usinunue maji kwa bei ya mawe. Zungumza na dereva kwa adabu na mbele ya fundi wako. Mwuzaji mwaminifu hatachukia kupimwa.

KUTANDAZA

Tandaza tabaka zisizozidi sentimeta 10, nyunyiza maji kidogo, ukashindilie kila tabaka kwa mashine au kwa gogo zito. Acha mteremko wa sentimeta 2 kwa kila meta kutoka nyumbani. Baraza ya meta 3 ishuke sentimeta 6. Kazi hii yafaa ifanywe wakati wa kiangazi, kabla ya mvua za Machi au za Oktoba.

JARIBU MWENYEWE

Mwenye duka kijijini ataka msingi wa baraza mbele ya duka lake: urefu meta 6, upana meta 2.50, unene sentimeta 10. Aagize tani ngapi?

Jibu: 6 mara 2.50 mara 0.10 ni 1.50. Mara 1.25 ni 1.875. Ukiongeza sehemu 5 katika 100 utapata 1.97. Mara 1.5 ni tani 3 hivi. Aliyepata 2.25 amesahau kwamba lori huleta kokoto zilizolegea. Na asome tena sehemu ya tatu.