Nchi ya Kanada na Hesabu Zake

Katika Biblia kuna kitabu kiitwacho Hesabu. Kimepewa jina hilo kwa sababu kinatusimulia jinsi Musa alivyoagizwa kuwahesabu wana wa Israeli jangwani, kabila kwa kabila. Na katika Injili ya Luka twasoma ya kuwa Kaisari Augusto alitoa amri watu waandikwe, ndiyo sababu Yusufu na Mariamu walisafiri kwenda Bethlehemu. Basi kuhesabu watu si jambo jipya duniani. Lakini wazee wengi wa kwetu hawalipendi. Mgeni akiuliza, "Una watoto wangapi?" mzee hujibu, "Wapo," kisha hunyamaza. Hapendi hata ng'ombe wake wahesabiwe kwa kidole zizini. Tena ukibishana naye aweza kukukumbusha habari za Mfalme Daudi, aliyewahesabu watu wake akapatwa na msiba.

Hata hivyo, mtu akitaka kuijua nchi asiyoweza kuizunguka kwa miguu yake, hana budi kuzitazama hesabu zake. Leo tutaitazama nchi ya Kanada, iliyo upande wa kaskazini wa Marekani. Sisi tulio hapa Kigera, karibu na Musoma, tuko mbali nayo sana. Lakini kipimo tunacho. Tunalo ziwa letu, na mkoa wetu wa Mara, na nchi yetu Tanzania. Namba isiyo na kipimo ni kama mtu asemaye "mbali" bila kusema mbali na wapi.

Tuanze na ziwa. Ziwa Victoria lina ukubwa wa karibu kilomita za mraba 69,000, nalo ni la pili duniani miongoni mwa maziwa yenye maji matamu. La kwanza ni lipi? Ni Ziwa Superior, lenye karibu kilomita za mraba 82,000, ambalo Kanada na Marekani hulishiriki kama sisi tunavyolishiriki letu na Uganda na Kenya. Mvuvi wa Musoma akipelekwa huko angesimama ufukoni asione ng'ambo, akadhani yuko kwao, mpaka autie mguu wake majini.

Sasa nchi kavu na maji yake kwa jumla. Tanzania ina karibu kilomita za mraba 945,000. Kanada ina karibu 10,000,000, yaani ni kubwa zaidi ya mara kumi. Mtoto akisikia hivyo hudhani kwamba na watu wake ni wengi mara kumi. Sivyo. Sensa ya Kanada ya mwaka 2021 ilihesabu watu 36,991,981. Sensa yetu ya mwaka 2022 ilihesabu watu 61,741,120. Nchi kubwa kupita yetu mara kumi ina watu wachache kuliko sisi.

Basi chukueni vibao vyenu mfanye hesabu ya kugawanya. Gawanyeni watu wa Tanzania kwa kilomita za mraba za Tanzania, mtapata watu 65 kwa kila kilomita moja ya mraba. Gawanyeni vivyo hivyo kwa Kanada, nanyi hamtapata hata watu wanne. Hesabu ya namna hii huitwa wastani, nayo ni hesabu yenye manufaa. Lakini angalieni sana! Wastani haumwonyeshi mtu yeyote mahali alipo. Ukisema mkoa wa Mara una watu kadha wa kadha kwa kila kilomita ya mraba, umewaweka watu katikati ya ziwa pamoja na samaki, na wengine umewaweka Serengeti pamoja na nyumbu.

Mambo ya Kanada ndivyo yalivyo, tena kwa kuzidi. Kaskazini kabisa kuna eneo liitwalo Nunavut, lenye kilomita za mraba zaidi ya 2,000,000. Yaani Tanzania mbili zingeingia humo na nafasi ikabaki. Katika mwaka 2021 watu wote wa Nunavut walikuwa 36,858. Mkoa wetu wa Mara katika mwaka 2022 ulikuwa na watu 2,372,015, yaani wa Nunavut mara 64. Wengi wa watu wa Nunavut ni Wainuit, ambao wazee wao waliishi katika nchi ile ya barafu kabla ya Mzungu yeyote kufika, wakiwinda sili na nyangumi na kulungu wa huko. Hakuna barabara inayoiunganisha Nunavut na majimbo ya kusini. Watu husafiri kwa ndege, na mizigo mikubwa huja kwa meli wakati barafu ya bahari imeyeyuka.

Wengine wote wako wapi basi? Wamejikusanya kusini. Sensa ya mwaka 2016 ilionyesha ya kuwa katika kila watu watatu wa Kanada, wawili walikaa si zaidi ya kilomita 100 kutoka mpaka wa Marekani. Umbali huo ni karibu sawa na safari ya barabara kutoka Musoma hadi Sirari. Mji wa Toronto pamoja na viunga vyake ulikuwa na watu 6,202,225 katika mwaka 2021, kiasi cha mtu mmoja katika kila sita wa nchi nzima. Dar es Salaam yetu, tunayoiona kuwa imejaa pomoni, ilikuwa na watu 5,383,728 katika mwaka 2022, nao ni kama mmoja katika kila kumi na mmoja wa Watanzania. Hapo ndipo lilipo jambo la ajabu. Nchi yenye nafasi kubwa kuliko zote tulizozitaja, watu wake hukaa wamesongamana mijini: karibu robo tatu yao wamo katika miji yenye watu 100,000 au zaidi. Mtu aliyeusoma wastani peke yake angefikiri kwamba kila Mkanada huamka asubuhi asione moshi wa jirani.

Tutazame na umri wa watu, maana hesabu hii hueleza mengi kuliko ile ya ukubwa. Fikirini watu mia wa Kanada wamesimama katika mstari. Katika mwaka 2021, kumi na sita kati yao walikuwa watoto wasiotimiza miaka 15, na kumi na tisa walikuwa wazee wa miaka 65 au kupita. Wazee waliwazidi watoto! Sasa simamisheni Watanzania mia wa mwaka 2022. Watoto ni arobaini na watatu, na wazee wa umri huo hawafiki watano. Kwa hiyo hata kazi za serikali hizi mbili ni mbalimbali. Huko huuliza, ni nani atakayewauguza wazee, na ni nani atakayefanya kazi walizoziacha? Huku twauliza, watoto watakaa wapi darasani? Mkoa wa Mara ulikuwa na watu 1,743,830 katika mwaka 2012. Toeni namba hiyo katika ile ya mwaka 2022, mtaona watu 628,185 wameongezeka katika miaka kumi. Wengi wa hao waliongezeka kwa kuzaliwa. Kila mmoja atahitaji dawati, na mwalimu, na maji ya kunywa, nayo hayaji kwa kukisia.

Kanada nayo huongezeka, ila kwa njia nyingine. Katika watu mia wa mwaka 2021, ishirini na watatu walikuwa wamezaliwa nchi za nje wakahamia. Sensa yao humwuliza kila mtu lugha aliyoipata kwa mama yake, na katika orodha ndefu ya lugha hizo Kiswahili nacho kimo, kwa kuwa watu wa Kongo na Burundi na Kenya na Tanzania wamefika huko.

Sasa natutazame jinsi namba hizi zinavyopatikana, kwa maana namba haianguki kama mvua. Kwetu, sensa ya mwaka 2022 iliandika watu waliolala katika kila kaya usiku wa kuamkia tarehe 23 Agosti. Makarani walipita nyumba kwa nyumba wakiwa na vishikwambi mikononi, nao viongozi wa vitongoji na mitaa wakiwaongoza. Huko Kanada sensa hufanywa kila baada ya miaka mitano, na watu wengi hujaza majibu wao wenyewe na kuyapeleka. Lakini katika vijiji vya mbali vya kaskazini makarani huenda mapema, tangu mwezi wa Februari, theluji ikiwa bado nyingi. Ukiwangojea watu wa kule mpaka theluji iyeyuke, utakuta wamekwisha kwenda kuwinda na kuvua, na nyumba ni tupu.

Hesabu ya kwanza ya namna hii katika nchi ile ilifanywa mwaka 1666, Wafaransa walipokuwa wakiitawala sehemu yake. Mtawala aitwaye Jean Talon aliwaandika walowezi kwa majina, na umri, na kazi, akaenda nyumba nyingi yeye mwenyewe. Alipata watu 3,215: wanaume 2,034 na wanawake 1,181. Kwa hesabu hiyo kila mtu aliona ya kuwa wanaume wengi hawatapata wake, na mfalme wa Ufaransa aliendelea kuwasafirisha wasichana kwenda kuolewa huko. Lakini wenyeji wa nchi, waliokuwapo kabla ya Wafaransa, hawakuhesabiwa. Mtu akisema, "Mwaka 1666 palikuwa na watu 3,215," amesema uongo bila kujua, akiwa na namba iliyo sahihi mkononi.

Wala tusiwacheke. Hapa Tanganyika, hesabu za mwaka 1921 na 1931 zilitegemea sana orodha za kodi na habari za machifu na majumbe. Nani atatoka mbio kuandikwa katika daftari la kodi? Hesabu ya mwaka 1931 ilipata watu wapatao milioni 5. Mwaka 1948 watu walihesabiwa kwa utaratibu ulio bora, wakapatikana karibu milioni 7 na nusu. Ni kweli watu walizaliwa katika miaka hiyo 17. Lakini sehemu ya ongezeko hilo ni watu waliokuwapo siku zote, ila daftari halikuwaona.

Neno moja zaidi juu ya Kanada, nalo si la zamani sana. Nyumba nyingi huko hupewa maswali machache, bali nyingine hupewa karatasi ndefu yenye maswali mengi juu ya kazi, na elimu, na nyumba, na mapato. Zamani ilikuwa lazima kuijibu. Katika mwaka 2010 serikali ilisema kwamba haifai kumlazimisha mtu aeleze mambo ya nyumbani mwake, na kwamba atakaye atajibu kwa hiari. Mkuu wa idara ya takwimu, Bwana Munir Sheikh, hakukubali kwamba hesabu ya hiari yaweza kushika mahali pa hesabu ya lazima. Akajiuzulu kazi yake. Mwaka 2011 karatasi zilipelekwa kwa hiari, na katika nyumba mia zilijibu kama sitini na tisa tu, ambapo mwaka 2006 zilijibu zaidi ya tisini. Tena waliokaa kimya hawakuwa sawasawa kila mahali, na habari za vijiji na miji midogo zaidi ya 1,000 hazikuweza kuchapishwa, kwa maana hazikuaminika. Madiwani wa mahali hapo wakakosa kujua wana maskini wangapi. Serikali nyingine iliingia mwaka 2015, na sensa ya mwaka 2016 ikawa ya lazima tena.

Mimi naona kila upande ulikuwa na neno. Mtu anayo haki ya kuuliza, "Habari zangu zitakwenda wapi?" Mzee wetu asemaye "Wapo" huuliza swali hilohilo kwa njia yake. Kanada hujibu kwa sheria: karatasi yenye jina lako hufungwa miaka 92 kabla ya kufunuliwa. Zile zilizoandikwa mwaka 1931 zilifunguliwa mwaka 2023, na wajukuu wakayasoma majina ya babu zao.

Sasa kazi ya kufanya. Kila mwanafunzi aandike, bila kutaja majina, ni watu wangapi walilala nyumbani kwao jana usiku, na wangapi kati yao hawajatimiza miaka 15, na wangapi wamepita miaka 65. Kiranja akusanye karatasi, mjumlishe ubaoni, mkafanye wastani wa nyumba moja. Kisha mtafute nyumba ambayo ina watu sawasawa na wastani huo. Na kama yuko mwenzenu asiyekuja shule leo, ulizeni kwanza kama nyumba yake imeingia.