Kivuli cha Mti Nacho ni Tiba

Mwezi huu tuzungumzie dawa isiyouzwa dukani: kukaa mahali penye miti na hewa safi.

Sisi wa Kilosa na Mikumi tumejaliwa. Tuna milima ya Ukaguru na Rubeho, tena tuna Hifadhi ya Taifa ya Mikumi, iliyoanzishwa mwaka 1964. Je, neema hiyo inasaidia afya zetu?

Mwaka 1984 mtafiti Roger Ulrich wa Marekani alitoa matokeo ya uchunguzi wa wagonjwa waliopasuliwa kibofu cha nyongo. Waliolazwa penye dirisha la kuona miti walitoka hospitali mapema, na walihitaji dawa kali za maumivu mara chache kuliko waliotazama ukuta wa matofali. Mwaka 2019, uchunguzi wa watu karibu 20,000 huko Uingereza ulionyesha kwamba waliokaa kwenye mazingira ya asili angalau dakika 120 kwa wiki ndio waliosema zaidi kuwa wana afya njema na wanaridhika na maisha. Dakika hizo zinaweza kugawanywa kwa siku kadhaa.

Huenda mtu akauliza: "Mbona mama aendaye porini kutafuta kuni kila siku anarudi amechoka?" Ni kweli. Kubeba mzigo ni kazi, si mapumziko. Basi baba na watoto wampokee, ili mama naye akae chini ya mwembe.

Tuzingatie haya:

1. Tusiingie hifadhini kwa miguu. Kuna simba, tembo na nyati, na mbung'o huweza kueneza malale. Uwanja wa kanisa unatosha.

2. Jioni tujikinge na mbu.

3. Mzee au mgonjwa asifungiwe chumbani. Asubuhi awekewe kiti kivulini, mahali anapoona watu.

4. Mwenye huzuni isiyoisha, asiyelala wala kula, apelekwe hospitali. Kivuli hakichukui nafasi ya dawa.

Miti yote ikigeuzwa mkaa, tiba hii itatutoka. Papa Fransisko, katika barua yake Laudato Si' ya mwaka 2015, alitukumbusha kuitunza dunia, nyumba yetu sote. Tunashauri kila Jumuiya Ndogondogo ipande miti karibu na zahanati yake, na kuimwagilia kiangazi, ili mgonjwa akifungua macho aone majani mabichi.

Tukutane mwezi ujao.